Maduka 19, gari moja: ni kweli kompyuta haiwezi kupata njia fupi kuliko zote?

Swali: Mtaalamu, habari za kazi. Niko Kizota, Dodoma mjini, namsaidia mjomba anayesambaza mafuta ya alizeti. Gari ni moja tu, Canter; linatoka ghalani asubuhi, linapita maduka 19, kisha linarudi. Niliandika programu ya Python inayojaribu kila mpangilio wa maduka na kuchagua wenye kilomita chache. Kwa maduka 9 ilijibu papo hapo. Kwa 12 nilisubiri. Kwa yote 19 niliiacha usiku kucha, na asubuhi nikaikuta bado inazunguka. Rafiki yangu aliyesomea kompyuta anasema tatizo hili ni "NP-kamili", kwa hiyo halitatuliki, niachane nalo. Mwingine anasema niiulize tu akili mnemba. Nimsikilize nani?

Jibu: Ndugu yangu, nianze na unalolihitaji zaidi: maduka 19 yanatatulika, kwa kompyuta hiyohiyo uliyonayo, ndani ya dakika chache, na jibu litakuja na uhakika kwamba hakuna njia fupi kuliko hiyo. Kilichokukwamisha ni mbinu. Rafiki yako amelitaja tatizo kwa jina lake halali, ila maana ameipindisha. Huyo wa pili amekuelekeza kwenye chombo ambacho kwa maduka 19 hukihitaji.

Tuhesabu mzigo uliouibebesha programu. Gari likitoka ghalani lina chaguo 19 za duka la kwanza, 18 za la pili, 17 za la tatu, hivyo hivyo mpaka la mwisho. Zidisha zote, unapata mipangilio 121,645,100,408,832,000. Tuseme kompyuta inapima mipangilio milioni moja kwa sekunde (Python peke yake haifiki hapo kirahisi). Maduka 10 yataisha kwa sekunde nne hivi. Maduka 13, saa 1 na dakika 44. Maduka 15, siku 15. Maduka 19, takribani miaka 3,850. Kama kwenda na kurudi ni barabara ileile, kila njia na kinyume chake zina urefu mmoja, kwa hiyo unaweza kukata nusu. Bado ni zaidi ya miaka 1,900. Wala usifikirie dawa ni kununua mashine kali. Yenye kasi mara elfu itaishusha ile miaka 3,850 hadi karibu minne, halafu mjomba apate wateja watatu wapya, kazi izidi mara 20 × 21 × 22, yaani mara 9,240. Wateja watatu wameimeza mashine yote na chenji juu.

Mbinu inayokufaa ilichapishwa mwaka 1962 na Michael Held pamoja na Richard Karp, na mwaka huohuo Richard Bellman naye aliifikia kivyake. Itazame kwa karibu, maana ukishaiona mara moja hutaisahau. Tuseme gari limeshapita maduka ya Majengo, Makole na Chang'ombe, na sasa limesimama Chang'ombe. Lingeweza kufika hapo kwa njia mbili: ghala–Majengo–Makole–Chang'ombe, dakika 41, au ghala–Makole–Majengo–Chang'ombe, dakika 36 (namba ni za mfano). Yamebaki maduka 16. Kuanzia hapo, gari liko mahali palepale na lina kazi ileile iliyosalia, lilikotokea hakuna tena anayekujali. Basi ile ya dakika 41 itupe moja kwa moja, kwa sababu lolote zuri litakalofuata baada yake linaweza kufuata vilevile baada ya ile ya 36. Kwa kuitupa hiyo moja umefuta mipangilio 20,922,789,888,000 bila kuigusa hata mmoja.

Programu yako ilikuwa inaipitia yote hiyo, na kila mara inasahau ilichokwisha kujua.

Ili kompyuta ikumbuke, unaijengea jedwali. Kila chumba cha jedwali kinajibu swali moja: ikiwa kundi fulani la maduka limeshapitiwa, na gari limeishia duka fulani, umbali mdogo kabisa ni upi? Kundi liandike kwa biti. Ghala liweke pembeni. Maduka yape namba 0 hadi 18. Duka 0 lina thamani 1, duka 1 thamani 2, duka 2 thamani 4, unaongeza maradufu hadi duka 18 lenye 262,144. Kundi ni jumla ya thamani za waliomo: maduka 0 na 2 ni kundi namba 5. Kundi la wote ni 524,287.

Unaanza kwa kujaza vyumba vyote namba kubwa mno, mfano bilioni moja. Hapa ndipo wengi wanapoharibu, wanajaza sifuri, na mwisho programu inatangaza kwamba safari nzima ni kilomita chache mno zisizowezekana. Kisha kila kundi la duka moja lipe umbali kutoka ghalani hadi duka hilo. Baada ya hapo pitia makundi kwa mfululizo wa namba, 1, 2, 3 hadi 524,287. Mfululizo huo unatosha, kwa kuwa ukiondoa duka lolote kwenye kundi, namba ya kundi inapungua, kwa hiyo chumba unachokihitaji kitakuwa kimeshajazwa. Kwa kila kundi, chukua kila duka lililomo na ulifanye la mwisho. Halafu jaribu kila duka jingine la kundi hilo kuwa ndilo lililolitangulia. Jumlisha: chumba cha kundi bila lile la mwisho, kwa duka lililotangulia, na umbali kati ya hayo mawili. Baki na jumla ndogo, na kwenye jedwali la pili andika ni duka gani lililotangulia. Ukifika kundi la wote, ongeza umbali wa kurudi ghalani kwa kila duka la mwisho, chagua iliyo ndogo. Halafu fuata lile jedwali la pili kinyumenyume, duka kwa duka, njia itajiandika.

Usipoweka hilo jedwali la pili utapata kilomita bila njia, na dereva hawezi kuendesha namba. Ukisahau kipande cha kurudi ghalani, programu itakupa njia nzuri inayokuachia gari kwenye duka la mbali kuliko yote.

Kazi yote ni milinganisho 44,826,624. Python ya kawaida itaimaliza kwa dakika moja au mbili. Ukiiandika kwa lugha ya C haitamaliza hata sekunde. Cha kuangalia zaidi ni kumbukumbu ya kompyuta. Tumia safu ya namba za baiti nne: vyumba ni 524,288 × 19, yaani karibu megabaiti 40. Ukitumia kamusi ya Python, ambayo kila chumba chake kinabeba mzigo wa ziada, jedwali hilohilo linaweza kula gigabaiti nzima au zaidi, na kompyuta ndogo itaanza kukwama ukidhani kosa ni la algoriti, yaani mbinu yenyewe. Kila duka jipya linazidisha jedwali maradufu na kidogo. Kwa maduka 25 unahitaji gigabaiti 3.4. Kwa 30 ni gigabaiti 129 hivi, na hapo safari ya mbinu hii imeishia. Mimi ningeitumia hadi 22 au 23, basi.

Turudi kwa rafiki yako na hilo neno lake. Watu wanachanganya mambo mawili yaliyo mbali sana.

Yapo matatizo ambayo kweli hayatatuliki. Alan Turing alithibitisha mwaka 1936 kwamba haiwezekani kuandika programu moja ambayo, ukiipa programu nyingine yoyote pamoja na data yake, itakuambia bila kukosea kama itafika mwisho au itazunguka milele. Kama ingekuwepo, ungetengeneza programu inayoiuliza habari zake yenyewe kisha inafanya kinyume cha jibu: ikiambiwa "utasimama", inazunguka, ikiambiwa "utazunguka", inasimama. Jibu lolote linakuwa la uongo. Hapo muda hausaidii, wala kumbukumbu, wala mashine ya mwaka 3000.

Tatizo lako halimo humo. Lina idadi kamili ya mipangilio, na mmoja wapo ndio mfupi. NP ni kundi la maswali ya ndiyo au hapana ambayo mtu akikuletea ushahidi wa "ndiyo" unaweza kuuhakiki haraka. Geuza swali lako hivi: ipo njia inayopita maduka yote isiyozidi kilomita 140? Mtu akikuletea njia, unajumlisha vipande 20 na kuangalia hakuna duka lililorukwa. Dakika moja kwa kikokotoo cha simu. Kuhakiki ni rahisi. Kuitafuta ndiyo kazi. Kuwa "NP-kamili" ni kuwa miongoni mwa magumu kuliko yote katika kundi hilo, kiasi kwamba ukipata algoriti ya haraka ya mojawapo, umepata ya yote. Stephen Cook alionyesha tatizo la kwanza la namna hiyo mwaka 1971. Leonid Levin, akiwa Urusi ya Kisovieti, alifikia matokeo kama hayo bila kutegemea kazi ya Cook, akayachapisha 1973. Katikati, mwaka 1972, Karp huyuhuyu tuliyemtaja alionyesha matatizo 21, na miongoni mwake lipo la kutafuta mzunguko unaopita kila kituo mara moja, ambalo ni ndugu wa damu wa tatizo lako.

"Haraka" katika nadharia hii ina maana maalumu: muda unaokua kama n mara n, au n mara n mara n (n ni idadi ya vituo), badala ya kuongezeka maradufu kila kinapoongezwa kitu kimoja. Hakuna aliyepata algoriti ya namna hiyo kwa matatizo haya, na hakuna aliyethibitisha kwamba haipo. Taasisi ya Clay ya Marekani iliweka zawadi ya dola milioni moja mwaka 2000 kwa atakayemaliza ubishi huo, na fedha bado ipo. Lakini angalia madai yanahusu nini: jinsi muda unavyokua idadi inapokuwa kubwa bila kikomo, kwa mfano mbaya kuliko yote unaoweza kubuniwa. Kuhusu maduka 19 ya Dodoma nadharia hiyo haisemi lolote. Mwaka 1954 Dantzig, Fulkerson na Johnson walipata njia fupi kabisa ya miji 49 ya Marekani, ikiwa na uthibitisho, wakitumia hesabu za mstari (linear programming) kwa mkono. Mwaka 2006 timu ya Applegate, Bixby, Chvátal na Cook (huyu ni William, si Stephen) ilimaliza mfano wenye vituo 85,900 uliotokana na utengenezaji wa chipu. Mifano yote hiyo ni ya tatizo lilelile la NP-kamili.

Ninachokiogopa zaidi kwenye kazi yako ni data, maana algoriti kamilifu ikilishwa umbali wa uongo inatoa uongo uliokamilika. Kama ulipima kwa kuchukua nukta za GPS na kukokotoa mstari ulionyooka, futa. Reli inakatiza mji, makorongo yapo, na maduka mawili yanayotazamana kwa mita 400 yanaweza kuhitaji gari lizunguke kilomita tatu kutafuta kivuko. Pata umbali wa barabara kutoka ramani huria za OpenStreetMap, au mpe dereva daftari aandike dakika kwa wiki mbili. Dakika zina faida kuliko kilomita, hasa kwenye barabara za vumbi. Zingatia na alama. Dodoma ipo latitudo ‒6.17, longitudo 35.74. Ukidondosha ile alama ya kutoa, ghala la mjomba linahamia kusini-magharibi mwa Ethiopia. Ukibadilisha nafasi za namba hizo mbili, linatua baharini magharibi ya Tangier, Moroko. Ikiwa hata duka moja kati ya 19 lina kosa hilo, programu haitalalamika. Itakupa njia "fupi" ya maelfu ya kilomita, na hilo angalau utaliona. Hatari zaidi ni tarakimu moja iliyokosewa baada ya nukta: ya pili baada ya nukta inakupeleka kilomita moja na ushei kando kwa kila moja unayokosea, na hilo halitaonekana kwa macho. Tandaza nukta zote kwenye ramani, mwite dereva azitazame kabla ya kukokotoa chochote.

Maduka yakifika 40 au 60, mjomba akianza kupeleka Kibaigwa, Kongwa na Bahi, jedwali halitatosha. Hapo kubali njia nzuri badala ya njia bora. Wengi huanza na kanuni ya kwenda kila mara duka la karibu lisilopitiwa. Inaonekana ya busara, inaumiza. Chukua barabara moja inayokata mji, ghala likiwa katikati. Upande wa Morogoro kuna duka kilomita 3 na jingine kilomita 11. Upande wa Singida kuna duka kilomita 4 na jingine kilomita 20. Gari linakwenda la 3. Toka hapo lililo karibu ni la 4 ng'ambo, umbali 7. Halafu lililo karibu ni la 11 upande wa kwanza, umbali 15. Kisha 31 hadi la mwisho, na 20 kurudi. Jumla kilomita 76. Dereva mwenye akili timamu angemaliza upande mmoja kisha mwingine, kilomita 62.

Kwa hiyo njia hiyo ichukue kama mwanzo tu, kisha ipasue. Chukua vipande viwili vya safari, kimoja kutoka A kwenda B, kingine kutoka C kwenda D. Kama A–C ukijumlisha na B–D ni ndogo kuliko A–B na C–D, kata vyote viwili, unganisha upya, na maduka ya kati yaliyo baina ya B na C yapitwe kwa mpangilio wa kinyume. Rudia mpaka usipate jozi ya kuboresha. Njia inayojikata yenyewe kwenye ramani kwa kawaida inanyooka hapa. Halafu jaribu kuhamisha duka moja, au mawili au matatu yaliyofuatana, kwenda sehemu nyingine ya safari. Anza upya kwa mpangilio wa kubahatisha mara mia, baki na bora.

Mitego ni miwili. Umbali uandike kwa mita kamili, bila desimali, la sivyo vijisehemu vya makosa ya kompyuta vitaifanya ione "nafuu" isiyokuwepo na kuzunguka milele. Pili, kama dakika za kwenda na kurudi hazilingani, kugeuza maduka ya kati kunabadilisha jumla yao pia, kwa hiyo ikokotoe upya sehemu yote iliyogeuzwa.

Utajuaje upo mbali kiasi gani na bora? Jenga mti mfupi unaounganisha vituo vyote: panga barabara zote kuanzia fupi, chukua moja baada ya nyingine, ruka inayofunga mzunguko. Hakuna safari inayoweza kuwa fupi kuliko mti huo, kwani ukiondoa kipande kimoja kwenye safari yoyote kinachobaki ni mti. Mti ukiwa kilomita 118 na njia yako 131, hata ukihangaika mwaka mzima huwezi kuokoa zaidi ya 13. Nadharia pia inatoa dhamana: algoriti ya Christofides ya mwaka 1976 haizidi mara moja na nusu ya bora, mradi njia ya moja kwa moja kati ya vituo viwili isiwe ndefu kuliko kupitia cha tatu. Ilichukua hadi 2020 kwa Karlin, Klein na Oveis Gharan kuipunguza dhamana hiyo, na kwa sehemu ndogo mno isiyomfaa dereva yeyote. Kwa wanahisabati ilikuwa sherehe.

Kuhusu akili mnemba: ukiipa orodha ya maduka 19 na umbali wao, itakujibu kwa kujiamini. Isipoendesha programu, haipitii jedwali tulilolieleza, inakisia kwa mazoea iliyojifunza. Mwaka 2015 watafiti walifunza mtandao wa neva (aina ya akili mnemba) kwa mifano midogo ya tatizo hili. Ulikisia vizuri kwenye idadi iliyokaribiana na ya mafunzo, ukadhoofika idadi ilipozidi sana. Hauleti uthibitisho wowote. Makosa ya kawaida ni duka kurukwa, duka kutajwa mara mbili, na jumla ya kilomita isiyolingana na vipande vyake. Ila kuhakiki ni rahisi, kama tulivyosema, kwa hiyo ukipenda itumie kupata njia ya kuanzia, hesabu maduka, jumlisha mwenyewe, kisha iboreshe kwa kupasua vipande. Pia inakufaa kuandika ile programu ya jedwali, ukiijaribu kwanza kwa maduka 8 na kulinganisha na programu yako ya zamani. Majibu yasipolingana hata kwa mita moja, kuna kosa.

Na mjomba akinunua gari la pili, usifute kitu. Jedwali lako limeshakokotoa safari bora ya kila kundi la maduka, si la wote tu. Kwa kila kundi ongeza kipande cha kurudi ghalani, uihifadhi. Halafu yagawe maduka: gari la kwanza lichukue kundi fulani, la pili lichukue waliobaki. Migawanyo ni 262,144, kompyuta inaimaliza ukipepesa macho. Tupa ile ambayo madumu yake yanazidi uwezo wa gari, na kati ya iliyobaki usichague yenye kilomita chache kwa jumla, maana mara nyingi itakuambia gari moja lifanye karibu kazi yote na jingine lipige usingizi. Chagua ile ambayo gari linalochelewa zaidi kurudi, linarudi mapema kuliko kwenye migawanyo mingine yote.